Mbwa Mwenye Kazi: Mnyama wa Kufugwa katika Historia ya Wabajuni

Anayeandika kuhusu mbwa na Waswahili mara nyingi huanza na neno moja na kumaliza na neno hilohilo: najisi. Hoja huwa kwamba watu wa pwani ni Waislamu wa madhehebu ya Shafi, kwamba katika madhehebu hayo chombo kilichorambwa na mbwa huoshwa mara saba, moja kati ya hizo kwa maji yenye udongo, na kwamba kwa hiyo mbwa hana historia kwetu. Mimi naona hoja hiyo inatueleza namna ya kuosha chombo, basi. Haituelezi kwa nini mbwa walikuwa na nafasi mahali fulani na wakakosa nafasi mahali pengine, wala mbwa huyo alishughulika na nini mchana kutwa. Swali hili la mwisho linaweza kuonekana la kitoto, lakini ndilo ninalotaka kulifuata, kwa mfano wa visiwa vya Wabajuni na pwani ya Kismayo.

Visiwa vyenyewe, Koyama, Chovai, Chula na vingine vidogo zaidi, vimepangana kutoka Kismayo kwenda kusini hadi karibu na Ras Kiamboni, mpakani mwa Kenya. Ni visiwa vya matumbawe, havina mito wala msitu wa kuficha mnyama mkubwa. Wenyeji waliishi kwa uvuvi, ubaharia na boriti za mikoko, na mbuzi wachache. Ukikitazama kisiwa cha namna hiyo kwa jicho la mbwa utaona tatizo mara moja. Hakuna cha kuwinda. Hakuna fisi wa kumfukuza zizini. Mgeni huonekana tanga lake likiwa bado mbali. Paka alikuwa na kazi, maana panya husafiri na majahazi na hawachagui bandari, lakini mbwa angekaa tu.

Ng'ambo ya maji mambo yalikuwa tofauti. Wabajuni walilima bara kila usalama uliporuhusu, na mapokeo yao yenyewe yanaanzia bara, Shungwaya, kabla mashambulizi ya Waoromo hayajawasukuma kuelekea visiwani. Mkulima wa bara ana adui wawili wasiolala: nguruwe usiku na nyani mchana. Huko mbwa ana ajira.

Na sheria ya dini, ikisomwa yote badala ya mlango mmoja wa tohara, inagawa mambo kwa njia hiyohiyo. Hadithi inayokataza kufuga mbwa inawatoa katika katazo mbwa wa kuwinda, wa kulinda mifugo na wa kulinda shamba. Imamu Nawawi, mwanachuoni mkubwa wa Kishafi wa karne ya 13, aliona kwamba kauli sahihi zaidi inaruhusu pia mbwa wa kulinda nyumba, kwa kuwa sababu ni ileile. Sura ya Al-Maida, aya ya 4, inahalalisha windo lililokamatwa na mnyama aliyefundishwa. Wanazuoni wakalazimika kuuliza: aliyefundishwa ni yupi? Wakajibu: ni yule anayekwenda akitumwa, anayesimama akizuiwa, na anayekamata bila kula, na awe amefanya hivyo zaidi ya mara moja mpaka ijulikane kwamba amejifunza. Windo la mbwa asiyefunzwa, likifa kabla ya kuchinjwa, haliliki. Sijui kama tumewahi kuitafakari vya kutosha hukumu hii. Vitabu vilevile tunavyovitumia kumfukuza mbwa vinamtambua mbwa mwenye elimu, na vinampa mtihani.

Methali za pwani nazo zinamfahamu mbwa huyu. Husemwa kwamba mbwa wa msasi mkali ni mkali pia, yaani tabia ya mbwa hupimwa kwa kazi ya bwana wake. Husemwa pia kwamba mbwa hafi maji akiona ufuko. Methali hiyo ya pili haikutungwa na mtu ambaye hajapata kumwona mbwa akiogelea.

Lakini ushahidi ninaoupenda zaidi hauhusu mbwa. Wavuvi wa Kibajuni walikuwa na mnyama wao wa kuwinda, naye ni samaki: chazo. Huyu ana kitu kama sahani yenye mikunjo juu ya kichwa, ambacho ni pezi la mgongoni lililobadilika umbo, na kwa hicho hujibandika kwenye papa, kasa, hata ubavu wa chombo. Akivutwa kwa nyuma hushika zaidi; akisukumwa mbele huachia. Mvuvi humfunga kamba kwenye mkia, na anapoona kasa humtupa majini. Chazo hujibandika, mvuvi hufuata kamba taratibu bila kuikata kwa pupa, kisha kasa huvutwa au mtu hupiga mbizi kumfuata. Kwa ng'amba, faida haikuwa nyama bali magamba, bidhaa iliyotajwa kutoka pwani hii tangu kitabu cha Periplus cha karne ya kwanza.

Frederic Holmwood, aliyekuwa katika ubalozi mdogo wa Uingereza Unguja, aliandika juu ya uvuvi huu katika jarida la chama cha elimu ya wanyama cha London mwaka 1884. Miaka karibu 400 kabla yake, mwaka 1494, watu wa Columbus walisimulia habari kama hiyo kutoka Cuba, na Pietro Martire, aliyeziandika, alimlinganisha samaki huyo na mbwa anayefukuza sungura. Ulinganisho huo naukubali kuliko alivyokusudia mwenyewe. Chazo alihitaji kuwekwa hai kwenye maji kati ya safari moja na nyingine, alishwe, na atumiwe kabla hajadhoofika. Visiwani, ambako mbwa angekaa bure, watu walikuwa na uhusiano uleule na kiumbe kingine: nakulisha, nakufahamu, nakutuma. Kwa hiyo siwezi kukubali kwamba Mbajuni hakujua kuishi na mnyama kwa sababu tu hakumweka mbwa sebuleni.

Sasa tuje kwa mbwa asiye na kazi, kwa maana huyo ndiye mgeni halisi katika historia hii. Vita vya Somalia vilipoanza mwaka 1991 Wabajuni wengi walikimbilia Kenya, hasa Mombasa, na wengine wakafika Uingereza. Huko Uingereza walikuta nchi ambayo mbwa wengi walikwisha kuacha kuchunga na kuwinda, na ambayo kuchoka kwa mnyama ni jambo la serikali: ripoti ya kamati ya Brambell ya mwaka 1965, ingawa ilihusu mifugo, ilifungua mjadala huo, na sheria ya ustawi wa wanyama ya mwaka 2006 inamtaka mwenye mnyama ampe nafasi ya kuishi kwa tabia zake za asili. Ndiyo maana huko wanauza midoli ya kuficha chakula. Mwanzoni nilicheka. Kisha nikaona kwamba mdoli ule ni shamba na nguruwe, vimefupishwa viingie jikoni.

Mombasa hali ni mbaya zaidi. Mbwa wa mlinzi hufungwa mnyororo nyuma ya geti tangu alfajiri, hufunguliwa usiku, na katikati hana analofanya ila kubweka na kuchimba. Familia moja ya Kibajuni ninayoifahamu ina mbwa wa namna hiyo, na majirani walishalalamika. Mama wa nyumba hataki kumgusa, na sina haki ya kumlaumu. Udhu wake ni muhimu kwake. Nilichompendekezea kimetoka moja kwa moja katika ule mtihani wa wanazuoni. Vifuu vitatu vya nazi, vilivyotengwa kwa kazi hiyo tu, vinafunikwa uani, dagaa wakiwa chini ya kimoja. Mbwa anaambiwa asubiri. Halafu anatumwa. Hakuna mkono unaoguswa na mate, na pua yake, ambayo ndiyo hasa inayohitaji kazi, inafanya kazi. Akishakizoea kifuu, mahali hubadilishwa: nyuma ya ndoo, juu ya tofali, chini ya gunia kuukuu. Mwanawe wa kiume humtembeza kabla ya magharibi kwa njia tofauti kila siku, akimwacha anuse kila nguzo anayotaka.

Wiki ya kwanza mbwa alivipindua vifuu vyote kabla ya kutumwa. Sasa husubiri, masikio yakiwa yamesimama, na mama wa nyumba, aliyesema hatasimama karibu naye, husimama mlangoni na kuhesabu kwa sauti muda anaochukua kukipata kile chenye dagaa.