Mbung'o, Shoka na Ngitili: Vitabu Viwili na Pori la Shinyanga

Vipo vitabu viwili vikubwa vya elimu ya viumbe ambavyo havieleweki vyema pasi na kuitazama Shinyanga. Cha kwanza ni cha Charles Francis Massy Swynnerton, kilichochapishwa London mwaka 1936, juu ya mbung'o wa Afrika Mashariki. Cha pili ni cha John Ford, kilichotolewa Oxford mwaka 1971, juu ya nafasi ya maradhi ya mbung'o katika mazingira ya Afrika. Miaka 35 imevitenganisha. Waandishi wote wawili walikuwa Waingereza, watumishi wa serikali ya kikoloni, na wote wawili walimwandama mdudu mmoja. Hata hivyo, mwenye kuvisoma kwa mfuatano ataona kwamba cha pili kinakijibu cha kwanza. Na sehemu kubwa ya jibu hilo ilikuwa tayari imo katika desturi za wafugaji kabla ya hata kimoja kuandikwa.

Mbung'o ana uzazi wa pekee. Hatagi mayai kwa mamia kama nzi wengine. Jike hulea buu mmoja tumboni, akamzaa baada ya siku tisa au kumi hivi, na buu huyo hujifukia katika udongo laini wa kivulini. Chakula chake ni damu tu. Kwa hiyo hamna budi kuwapo mambo mawili ili aishi: kivuli cha kumkinga na jua kali, na mnyama wa kumnyonya. Alipo yeye, ng'ombe hupata nagana, na binadamu naye huweza kupata malale. Hesabu hiyo fupi ndiyo iliyotawala maisha ya watu wa Shinyanga, Maswa na Geita kwa miongo mingi.

Swynnerton, aliyezaliwa mwaka 1877, hakuanza na mbung'o. Alihamia Rhodesia ya Kusini angali kijana, akasimamia shamba lililoitwa Gungunyana karibu na msitu wa Chirinda, na huko akawa bingwa wa ndege, vipepeo na mimea. Aliwalisha ndege vipepeo wa namna nyingi ili ajue ni wepi wanaokataliwa kwa uchungu wao. Ndege mmoja mdogo wa msituni, anayepatikana pia katika milima ya Usambara na Udzungwa, amebeba jina lake hadi leo: Swynnertonia swynnertoni. Huyo basi ndiye mtu aliyefika Tanganyika mwaka 1919 kuwa msimamizi wa kwanza wa wanyamapori chini ya Waingereza.

Kabla ya kitabu chake kikubwa, Swynnerton alichapisha mwaka 1921 uchunguzi wake juu ya mbung'o wa Mossurise, katika Msumbiji ya Wareno. Maandishi hayo yana thamani ya pekee, kwani humo mtaalamu huyu aliwasikiliza wazee. Walimweleza jinsi Mzila, mfalme wa Gaza, alivyowakusanya watu wake wakakaa kwa wingi katika nchi iliyokuwa ya mbung'o, wakalima, wakakata, wakachoma nyasi kwa wakati wake na kuwinda, hata ng'ombe wakaweza kukaa. Mwanawe Ngungunyana alipohama na watu wake mwaka 1889, vichaka vilirudi, wanyama wakarudi, na mbung'o akarudi nyuma yao. Hapo palikuwa na somo kamili: kinachomfukuza mbung'o ni makazi ya watu wenye nguvu na utaratibu wao, na kukata miti ni sehemu moja tu ya utaratibu huo.

Usukuma ulikuwa umepatwa na msiba wa namna hiyo hiyo. Mwanzoni mwa miaka ya 1890 sotoka, iliyoingia barani kwa upande wa Pembe ya Afrika, iliteketeza sehemu kubwa sana ya ng'ombe wa Afrika Mashariki. Njaa na maradhi vikafuata, kisha vita vya ukoloni, na baada yake Vita Kuu ya Kwanza. Palipokuwa na malisho pakaota migunga na vichaka vya miiba, na watu waliosalia hawakuwa na nguvu za kulirudisha pori nyuma. Mwaka 1922 malale yakazuka upande wa Maswa. Swynnerton alikwenda kuyachunguza, na katika kazi hiyo alimpata mbung'o wa nchi kavu ya miiba ambaye wataalamu walikuwa hawajampa jina. Akaitwa Glossina swynnertoni. Jina lililobebwa na ndege wa msituni sasa likabebwa na mdudu wa maradhi.

Kuanzia hapo Shinyanga ikawa uwanja wa majaribio. Njia mbili zilitumika pamoja. Ya kwanza ilikuwa moto: nyasi zilihifadhiwa zisichomwe mapema, hata kiangazi kikolee, ndipo zikachomwa zote kwa siku zilizopangwa ili moto mkali uviue vichaka. Ya pili ilikuwa shoka. Watemi, akiwamo Makwaia wa Usiha, waliwaita watu wao, na watu kwa maelfu wakatoka kufyeka pori kwa mikono. Taarifa ya jaribio hilo ilichapishwa London mwaka 1925. Mwaka 1929 Swynnerton akawa mkurugenzi wa idara mpya ya utafiti wa mbung'o, na katika miaka ya 1930 Shinyanga ikawa makao yake makuu, ikatembelewa na wataalamu kutoka pembe nyingi za himaya ya Waingereza.

Kitabu cha mwaka 1936 ndicho zao la kazi hiyo. Kina kurasa zaidi ya 500, na ndani yake kila namna ya mbung'o imepangiwa makazi yake: aina ya miti, urefu wa nyasi, kivuli cha asubuhi na cha mchana, mnyama ampendaye. Ni kitabu cha mtu mwenye jicho kali na subira kubwa, na haki yake haifai kupunguzwa. Kazi ile ya kufyeka ilizaa matunda pia: ng'ombe walirudi, mashamba ya pamba yakafunguliwa, na vijiji vikaota palipokuwa hapapitiki. Lakini ndani ya kurasa hizo pori limekuwa maskani ya adui, na watu wa Shinyanga wameonekana zaidi kama nguvu ya kufyeka kuliko kama wenye elimu. Mzila wa mwaka 1921 amefifia, na shoka limebaki.

Swynnerton hakuishi kuyaona yaliyofuata. Tarehe 8 Juni 1938 alifariki katika ajali ya ndege nchini Tanganyika, pamoja na B. D. Burtt, mtaalamu wa mimea aliyekuwa msaidizi wake mkubwa. Baada yao mambo yaliongezwa ukali. Kuanzia mwaka 1945, katika eneo moja la Shinyanga, wanyamapori waliuawa kwa maelfu kwa miaka kadhaa ili ijulikane kama mbung'o atakufa akikosa damu. Idara iliyoasisiwa na msimamizi wa wanyamapori ikawa imewageuzia bunduki wanyama wale wale. Na kuanzia mwaka 1947 mpango wa kuendeleza Usukuma uliwahimiza watu wa wilaya zilizosongamana wavuke kwenda Geita, nchi ya Wazinza. Pori likafyekwa, malambo yakachimbwa, na amri za kupunguza mifugo zikaleta uchungu ambao ulichangia kuikuza siasa ya kudai uhuru katika Kanda ya Ziwa.

Ford aliyajua hayo kwa ndani. Alifanya kazi Tanganyika katika utafiti huo huo wa mbung'o, na mwaka 1947 aliandika pamoja na R. de Z. Hall historia ya Karagwe. Huenda ni kule kuandika historia kulikombadilisha. Kitabu chake cha mwaka 1971 hakianzi na mdudu. Kinaanza na uhusiano wa viumbe vitano: mbung'o, kijidudu cha maradhi, mnyama wa pori, ng'ombe na mtu. Hoja yake ni kwamba jamii za Afrika zilikuwa zimeishi na maradhi hayo kwa mizani: pori liliachwa baina ya nchi na nchi, mifugo ilikutana na mbung'o kidogo kidogo ikajenga kinga, na makazi yalitanuka au kurudi nyuma kwa hesabu. Sotoka na ukoloni viliivunja mizani hiyo kwa ghafla. Kisha wataalamu wakafika, wakayakuta magofu, wakadhani ndiyo hali ya asili.

Mwaka 1977 Helge Kjekshus, Mnorwe aliyefundisha Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, aliiendeleza hoja hiyo kwa Tanganyika yote. Wapo wanahistoria waliompinga, miongoni mwao Juhani Koponen, kwa kuona kwamba aliipaka sifa mno hali ya kabla ya ukoloni. Pingamizi hilo ni la haki: karne ya kumi na tisa haikuwa bustani. Ila msingi wa Ford haukubomoka.

Ushahidi mkubwa wa jambo hili haukutoka katika kitabu. Shinyanga iliyofyekwa kwa ajili ya mbung'o, kisha kwa pamba, kuni na mifugo, ikakauka hata ikaitwa jangwa. Operesheni ya vijiji ya miaka ya 1970 iliwaondoa watu penye makazi yao ya zamani, na utunzaji wa ngitili, yaani eneo la malisho lililofungwa masika ili litumike kiangazi, ukadhoofika. Mwaka 1986 ulipoanza mradi wa Hifadhi Ardhi Shinyanga, maarufu kwa jina la HASHI, ngitili zilizojulikana zilikuwa hekta 600 hivi tu. Mradi ulipoacha kulazimisha miche na ukairudia desturi, mkutano wa dagashida ukatoa masharti, sungusungu wakalinda, na mvunjaji akatozwa mchenya. Hadi mwanzoni mwa miaka ya 2000 zaidi ya hekta 300,000 zilikuwa zimerudi kuwa na miti.

Katika ukanda wa dhahabu, hesabu hiyo hiyo imerudi kwa sura nyingine. Mgodi wa kwanza wa Geita ulifungwa mwaka 1966, mkubwa wa sasa ukafunguliwa mwaka 2000, na Bulyanhulu ukafuata mwaka 2001. Pembeni mwao wachimbaji wadogo huchimba maduara yanayoshikiliwa na matimba, yaani magogo ya kuzuia udongo usiporomoke, na kila gogo ni mti uliosimama mahali. Nchi iliyofyekwa ili ng'ombe aishi inafyekwa tena ili mchimbaji asifukiwe.

Wasomaji wa visiwani wana mfano wao wa kulinganisha. Mbung'o wa Unguja alimalizwa pasi na kuukata msitu wa Jozani. Baada ya dawa kumpunguza, madume waliokuzwa Tanga na kuondolewa uzazi kwa mionzi walimwagwa kutoka angani kati ya mwaka 1994 na 1997, na tangu mwaka huo kisiwa kimesafika. Njia hiyo ilifaulu kwa kuwa bahari ilikizunguka kisiwa, na mbung'o wa kurudi hakuwapo. Shinyanga haina bahari. Mpaka wake na pori umekuwa daima ni watu wenyewe.

Vitabu vya Swynnerton na Ford viliandikwa kwa Kiingereza, na waliolishika shoka hawakuwa miongoni mwa wasomaji waliokusudiwa. Ndiyo maana vinastahili kusimuliwa kwa Kiswahili. Kutokana na Swynnerton, mtoto wa Shinyanga au Geita atajifunza namna ya kumtazama kiumbe kidogo mpaka kimfunulie siri zake. Kutokana na Ford atajifunza kwamba pori analoliona lina historia, na kwamba babu zake wamo ndani ya historia hiyo. Na akitoka nje akaikuta ngitili imefungwa, nyasi zimesimama na hakuna anayethubutu kuingiza ng'ombe, atakuwa ameukuta ukurasa ambao mtaalamu wa mwaka 1936 hakuuandika.