Ua linalonuka mzoga ni jamaa wa nduma

NDUMA inayolimwa mabondeni Kanja, Embu, ina jamaa wa ajabu katika misitu ya Sumatra, Indonesia: Amorphophallus titanum. Mwitaliano Odoardo Beccari aliutambulisha mmea huo kwa wanasayansi mwaka wa 1878.

Kinachodhaniwa kuwa ua moja ni shada la maua mengi madogo, linaloweza kufikia urefu wa mita 3. Linapochanua usiku, hujipasha joto na kusambaza uvundo wa mzoga ili kuwavuta wadudu wanaolichavusha. Baada ya siku mbili hivi hunyauka, na huenda miaka kadhaa ikapita kabla ya kuchanua tena.

Kutokana na ukataji wa misitu, mwaka wa 2018 mmea huo uliorodheshwa kuwa hatarini kuangamia, ikikadiriwa kuwa isiyozidi 1,000 ndiyo iliyosalia porini. Msitu ukiisha, utabaki katika bustani za mimea pekee.