Kwa nini sefti husimama mbali

Ukiwa umezoea soka, mpira wa Kimarekani unakuvuruga tangu mwanzo. Wachezaji ni kumi na mmoja kila upande, sawa, lakini itazame timu inayolinda: wanne hivi wameinama uso kwa uso na wapinzani, watatu wamesimama nyuma yao, na wengine wako mbali kana kwamba mchezo hauwahusu. Walioinama ni walinzi wa mstari. Wanaofuata ni lainibeki. Pembeni kuna konabeki wawili wanaowaandama wapokeaji wa pasi, na nyuma ya wote wapo sefti, kizuizi cha mwisho. Mimi nilidhani mpangilio huu ni wa tangu enzi na enzi. Kumbe watu hawa walisukumwa nyuma hatua kwa hatua, na kilichowasukuma ni pasi.

Turudi 1905. Kurusha mpira mbele kulikuwa marufuku, kwa hiyo timu zilisongamana katikati na kukanyagana ili kupata yadi chache. Walinzi nao walijaa hapohapo. Ukae nyuma kufanya nini, wakati mpira hauwezi kukuruka? Msimu ule magazeti yalihesabu vifo takriban 18. Rais Theodore Roosevelt akawaita White House wawakilishi wa Harvard, Yale na Princeton, na mwaka 1906 kanuni zikabadilishwa: pasi ya mbele ikaruhusiwa, ili lile rundo la watu lifunguke.

Likafunguka, ingawa polepole. Na kila pasi ilipozidi kutumika, ilibidi mlinzi fulani aondoke mbele aifuate. Kisa ninachokipenda ni cha Bill George wa Chicago Bears, mwaka 1954. Alikuwa mlinzi wa katikati ya mstari, kazi yake kuinama na kumsukuma mtu wa mbele yake. Siku hiyo Philadelphia Eagles walikuwa wakimpitishia pasi fupi juu ya kichwa, tena na tena. Inasimuliwa kwamba alichoka, akaacha kuinama, akarudi hatua chache na kusimama wima. Pasi iliyofuata ikamgonga mwilini. Kama alikuwa wa kwanza kabisa, hapo watu hubishana, lakini miaka michache baadaye lainibeki wa kati alikuwa nafasi kamili: Tom Landry, kocha wa ulinzi wa New York Giants, alijenga mfumo wake wa watu wanne mbele na watatu nyuma ukimzunguka Sam Huff.

Sasa tuingize fizikia kidogo. Walinzi wa mstari hutenganishwa na wapinzani kwa urefu wa mpira tu, kama sentimita 28. Hawapati nafasi ya kukimbia kabla ya kugongana. Sefti anaweza kuanzia mita kumi au zaidi, na anafika akiwa kasi. Nishati ya mwendo hukua kwa mraba wa kasi: mtu wa kilo 90 anayekwenda mita 5 kwa sekunde ana jouli 1,125; akifika mita 8 kwa sekunde, anazo 2,880. Mtu ni yuleyule, nishati ni zaidi ya mara mbili na nusu. Kanuni iliyowekwa kupunguza vifo vya kukanyagana ilifungua uwanja, na uwanja ulio wazi ndio unaompa mtu kasi.

Msinielewe vibaya, wa mstari wa mbele hawajasalimika. Wao hugongana karibu kila mpira unapoanzishwa, na utafiti wa ugonjwa wa ubongo uitwao CTE unaonyesha kuwa mapigo madogomadogo yanayorundikana kwa miaka nayo yana madhara, hata kama mchezaji hakuwahi kuzimia. Katika ugonjwa huo protini iitwayo tau hujikusanya isivyo kawaida ndani ya ubongo. Uthibitisho wa uhakika hupatikana baada ya kifo tu, ubongo ukikatwa na kutazamwa kwa darubini.

Dave Duerson alikuwa sefti wa Chicago Bears walioshinda Super Bowl ya Januari 1986 kwa 46 kwa 10. Ulinzi wao uliitwa "46", si kwa sababu ya matokeo hayo, bali kwa namba ya jezi ya Doug Plank, sefti aliyemtangulia. Alipostaafu, Duerson aliingia kwenye bodi iliyokuwa ikiamua madai ya ulemavu ya wachezaji wastaafu, yakiwemo ya waliosema vichwa vyao vimeharibika. Februari 2011, akiwa na miaka 50, alijiua. Aliacha ujumbe akiomba ubongo wake ukabidhiwe watafiti. Miezi mitatu baadaye wanasayansi wa Chuo Kikuu cha Boston wakatangaza walichokikuta: CTE.