Victoria (tamthilia ya televisheni)

Victoria ni tamthilia ya kihistoria ya televisheni ya Uingereza, iliyobuniwa na Daisy Goodwin na kuoneshwa na kituo cha ITV kwa misimu 3, kuanzia 2016 hadi 2019. Jenna Coleman anaigiza Malkia Victoria, aliyerithi kiti cha enzi Juni 1837 akiwa na umri wa miaka 18, na Tom Hughes ni Prince Albert, binamu yake aliyemuoa Februari 1840.

Fitina za ikulu zimejengwa juu ya matukio halisi. John Conroy, mshauri wa mama wa Victoria, anataka kumtawala malkia. Kisha mwaka 1839 Robert Peel, mwanasiasa aliyeitwa kuunda serikali mpya, anamtaka abadilishe baadhi ya wanawake wa chumbani mwake, wenye uhusiano na chama cha Whig, wapinzani wa Peel. Malkia anakataa katakata, na Peel anashindwa kuunda serikali. Mapenzi ya malkia kwa Waziri Mkuu Melbourne (Rufus Sewell) yametiwa chumvi mno: Melbourne halisi alikuwa na miaka 58 Victoria aliporithi kiti cha enzi, na alimlea kisiasa. Msimu wa tatu unaishia kwenye Maonyesho Makuu ya London ya 1851.