Renesmee: jina lililobeba mabibi wawili

Usiku wa kuamkia Agosti 2, 2008, maduka mengi ya vitabu nchini Marekani hayakufunga milango. Wasichana, na mama zao pia, walipanga foleni wakingoja saa sita ya usiku itimie ili wauziwe Breaking Dawn, kitabu cha nne na cha mwisho katika hadithi za Twilight za Stephenie Meyer. Siku hiyo ya kwanza peke yake ziliuzwa nakala milioni 1.3. Ndani ya kitabu anazaliwa mtoto wa kike, baba yake vampaya na mama yake binadamu. Wasomaji waliokuwa wamemeza bila ubishi habari za wafu wanaokunywa damu na kung'aa juani kama vioo walikwama kwenye jina la mtoto: Renesmee.

Wengine walicheka, wengine wakakasirika kana kwamba mtoto ni wa kwao. Hata ndani ya kitabu jina linaleta ugomvi. Jacob, rafiki wa familia, analiona gumu, anamkatia mtoto jina la Nessie, na mama mtu anapandwa na hasira kwa sababu Nessie ndilo jina la utani la dubwana linalosimuliwa katika ziwa la Loch Ness, kule Scotland.

Jina lenyewe limeungwa hivi. Bella, mama wa mtoto, ana mama mzazi aitwaye Renée. Edward, baba wa mtoto, alilelewa na Esme, ambaye kwa hesabu ya familia ndiye bibi mzaa baba. Renée na Esme wakashonwa pamoja, wakatoa Renesmee, ambalo Wamarekani hulitamka "Renezmei". Hawakuishia hapo. Jina la pili la mtoto ni Carlie, na hilo nalo limetoka kwa mababu wawili, Charlie upande wa mama na Carlisle upande wa baba. Mtoto mmoja akabeba wazee wanne kabla hajaota jino. (Ingawa huyu, kwa mujibu wa hadithi, alizaliwa nayo meno.)

Ukilichambua kwa asili yake, jina hili lina sifa nyingi kuliko linavyopewa. Renée ni la Kifaransa, kutoka Kilatini Renatus, yaani aliyezaliwa upya. Wakristo wa kale walilipenda kwa ajili ya ubatizo. Esmé nalo ni la Kifaransa cha zamani na maana yake ni mpendwa, mwenye kuthaminiwa. Tena lilianza likiwa jina la kiume. Lilifika Scotland mwaka 1579 pamoja na Esmé Stewart, ndugu wa ukoo wa mfalme kijana James VI, aliyekuja kutoka Ufaransa na baada ya miaka miwili akapewa cheo cha Duke wa Lennox. Wanawake walilichukua baadaye sana. Kwa hiyo Renesmee ni mpendwa aliyezaliwa upya, na katika hadithi ambayo mama anakata roho wakati wa uzazi kisha anaamka akiwa kiumbe kingine, maana hiyo inakaa mahali pake. Mtoto mwenyewe ni nusu huku na nusu kule, na jina lake hali kadhalika.

Lakini sidhani kama mzazi yeyote aliyemwita bintiye Renesmee alianza na Kilatini. Mvuto wa majina ya kuunga hautoki kwenye maana. Unatoka kwenye swali gumu linalozikuta familia mbili zikishapata mjukuu mmoja: ataitwa nani wa upande gani?

Meyer alilijua jambo hilo tangu utotoni. Jina lake linaandikwa Stephenie, si Stephanie kama ilivyozoeleka, kwa sababu baba yake aliitwa Stephen, wakaongeza herufi mbili mwishoni. Mbunifu wa jina hili la kuunga ni mtu ambaye naye aliungwa jina. Zaidi ya hayo, yeye ni muumini wa Kanisa la Yesu Kristo la Watakatifu wa Siku za Mwisho, wale wanaojulikana kama Wamormoni, na alisoma chuo kikuu cha Brigham Young kilichoko Provo, jimbo la Utah. Utah ina sifa Marekani nzima kwa kubuni majina: vipande vya baba na mama huunganishwa, La na Ra hubandikwa mbele, lyn hubandikwa nyuma. Waumini hao hutunza nasaba kwa bidii ya kidini, wakichimba majina ya mababu vizazi na vizazi, na desturi yao ni familia kubwa. Mahali ambapo ukoo unaheshimiwa hivyo na kila jirani ana Mary na Sarah wake, kuunga majina ni njia ya kumtaja bibi bila kumrudia. Hata hivyo Meyer mwenyewe, aliyejaliwa wana watatu wa kiume, wote aliwapa majina mafupi ya Biblia. Ya kuunga aliyaweka kitabuni.

Wanaodhani mtindo huu ni wa jana wamwangalie Vanessa. Jina hilo lilibuniwa na Jonathan Swift, mwandishi na padri wa Dublin, kwa ajili ya mwanamke aliyempenda, Esther Vanhomrigh. Alichukua Van ya jina la ukoo, akaongeza Essa, jina la kumdekeza Esther. Shairi lake juu ya mwanamke huyo lilichapwa mwaka 1726, Esther akiwa amekwisha kufariki. Leo Vanessa ni jina tu. Mwanamuziki wetu Vanessa Mdee hahitaji kumweleza mtu yeyote habari za Swift, wala hakuna karani anayemwomba arudie tahajia. Miaka mia tatu inatosha kulifanya jina la ajabu kuwa la kawaida.

Kisa ninachokipenda zaidi ni cha Marlene. Mwaka 1901, Berlin, alizaliwa msichana akaitwa Marie Magdalene Dietrich. Angali kigori aliyabana majina yake mawili yakawa Marlene, na kwa jina hilo akawa nyota wa sinema duniani. Huyo ni Maria Magdalena wa Injili. Upande wa mashariki, katika Umoja wa Kisovieti, wazazi wa Kikomunisti nao wakawa wanawapa watoto jina la Marlen, ila lao lilikuwa Marx na Lenin. Ukiwaita watu hao wawili chumba kimoja wote wangegeuka, mmoja kwa jina la mwanamke wa kaburini kwa Yesu na mwingine kwa jina la wapinga dini. Wasovieti walikwenda mbali zaidi: Vladlena ni Vladimir Lenin, na Ninel ni Lenin akisomwa kinyumenyume. Wamarekani wakaja kuiga mbinu hiyo ya pili bila kujua. Mwaka 2000 mwanamuziki Sonny Sandoval alimtambulisha bintiye kwenye televisheni ya MTV kwa jina la Nevaeh, neno la Kiingereza la mbinguni likisomwa kutoka mwisho. Mwaka 2010 jina hilo lilikuwa la 25 kwa watoto wa kike Marekani.

Waspania wana Maribel, yaani María na Isabel, na hakuna anayeliona geni. Ufaransa ilikuwa ngumu zaidi. Sheria ya mwaka 1803 iliwataka wazazi wachague kutoka kalenda ya watakatifu au historia ya kale, na uhuru wa kuchagua haukupatikana mpaka 1993. Renée na Esmé wote wawili wana asili ya Kifaransa, lakini kabla ya mwaka huo msajili wa Paris angekuwa na haki ya kumrudisha nyumbani baba mwenye Renesmee mkononi.

Sasa turudi kwenye swali la mabibi, maana sisi tumelijibu kwa njia nyingine kwa muda mrefu. Wakikuyu wa Kenya wana mpangilio usio na mjadala: binti wa kwanza huchukua jina la bibi mzaa baba, wa pili la bibi mzaa mama, na wanaofuata huwaendea shangazi na mama wadogo. Mkwe hana haja ya kununa. Zamu yake inakuja. Lakini zamu inataka watoto. Utafiti wa mwaka 1977 na 1978 ulionyesha kwamba mwanamke wa Kenya alikuwa na wastani wa watoto 8. Ule wa mwaka 2022 ulikuta wastani wa 3.4. Kwa watoto wanane mabibi wote wawili wana karibu uhakika wa kupata wajina. Kwa wawili au watatu, na huenda wote wakawa wavulana, foleni inakatika bibi mmoja akiwa bado amesimama. Hapo ndipo mtu anaanza kukata silabi za huku na kuzishona na za kule.

Na kushona huku tulikuwa nako. Pwani, Mwana ni neno la heshima kwa mwanamke. Ndilo lililo mbele ya jina la Mwana Kupona binti Mshamu, mshairi wa karne ya 19. Heshima hiyo ikaungana na majina ya kila siku tukapata Mwanaisha, Mwanahamisi, Mwanajuma. Bara, Wakatoliki walifanya kazi hiyohiyo kwa njia yao. Maria Goretti, msichana wa Kiitalia aliyeuawa mwaka 1902 akiwa na miaka 11, alitangazwa mtakatifu na Papa Pius XII Juni 1950. Jina lake likaenea Tanzania, Kenya na Uganda, na huku kwetu likaandikwa kwa pumzi moja: Marygoreth. Goretti lilikuwa jina la ukoo wa baba yake. Leo kina dada Goreth wamejaa parokiani na wengi hawajui kwamba wanaitwa kwa ukoo wa wakulima wa Italia. Akina Rosemary, Annamaria na Marystella ni wa kundi hilohilo.

Nina shaka moja tu na majina mapya ya kuunga, nayo inahusu uwajina. Kwetu bibi akipewa mjukuu wa jina lake, hapewi sifa tu. Huyo mtoto ni somo yake. Atamletea khanga, atamtania, atamwita mwenzangu, na wengine husema kabisa kwamba bibi amezaliwa tena. Je, Renée anaweza kumwita Renesmee wajina wake? Esme je? Kila mmoja amepata nusu, na kwenye jina zuri sana la kuunga mshono hauonekani, kwa hiyo hata hiyo nusu haisikiki. Rehema na Asha ukiwafanya Rehasha, mtoto amepata jina jipya, lakini uani hakuna atakayegeuka akisikia ameitwa. Mapatano ya wakwe yamefikiwa kwa kila upande kupoteza kidogo. Ndiyo sababu naona jina la kuunga linawafaa wazazi kuliko mabibi.

Wamarekani wenyewe walilipigia kura. Mwaka 2009 na 2010 jina lililoongoza kwa watoto wa kike nchini mwao lilikuwa Isabella, ambalo ndilo jina kamili la Bella, na Jacob liliongoza kwa wavulana. Yote mawili ni ya kale na yalikuwa yakipendwa kabla ya vitabu, lakini Twilight haikuyadhuru. Renesmee lilipata watoto wake kila mwaka, ila halikuwahi kuingia kwenye orodha ya majina 1,000 ya juu. Ndugu zake wenye ulimi mwepesi, akina Gracelynn na Raelynn, ndio waliofanikiwa. Renesmee lina s na m zinazogongana katikati. Mswahili hapo angetia irabu tu, Renesimee, na mambo yakaisha.

Kwa mzazi wa hapa Tanzania aliyekwisha kulipenda jina la namna hii, kazi kubwa iko mbele yake, na ni ya makaratasi. Muuguzi ataliandika kwenye tangazo la kizazi kama alivyolisikia. RITA wataliweka kwenye cheti kama walivyolisoma. Mwalimu mkuu atalisajili kwa ajili ya mtihani wa NECTA kwa kubahatisha, na siku binti anakwenda NIDA kutafuta kitambulisho, Renesmee, Renesme na Renesimee watakuwa watu watatu tofauti na ataambiwa alete kiapo cha wakili. Rehasha naye hatasalimika, kwa kuwa wapo watakaoandika Rehesha. Basi kubalianeni nyumbani kabla ya uchungu kuanza, mliandike jina kwa herufi kubwa kwenye karatasi, mmpe muuguzi aisome mkononi mwake, na mkague cheti palepale dirishani kabla ya kuondoka.