MKONO ULIKATWA, HERUFI ZIKABAKI



Ndugu yangu katika imani, kila siku unafungua Msahafu. Je, umewahi kujiuliza ni nani aliyeipimia alif urefu wake?

Katika Baghdad ya karne ya 4 Hijria alikuwapo Ibn Muqla, waziri wa makhalifa watatu wa Bani Abbas. Yeye ndiye anayetajwa kuwa aliweka vipimo vya hati. Kipimo chake ni nukta inayoachwa na ncha ya kalamu. Alif huhesabiwa kwa nukta, kisha duara lenye kipenyo cha alif hiyo hutoa mikunjo ya herufi nyingine. Hesabu na uzuri vikakaa pamoja.

Siasa haikumwacha. Alifungwa, akakatwa mkono wa kulia. Inasimuliwa kwamba alifunga kalamu kwenye kigutu akaendelea kuandika. Akafia kifungoni mwaka 328 Hijria (940).

Mkono ulikwenda, elimu haikwenda. Baadaye akaja Ali bin Hilal, maarufu kwa jina la Ibn al-Bawwab, yaani mtoto wa bawabu. Inasemekana alianza kwa kupaka rangi nyumba. Msahafu alioandika Baghdad mwaka 391 Hijria upo hadi leo katika maktaba ya Chester Beatty, Dublin.

Tazama: mmoja waziri, mwingine mtoto wa bawabu. Kalamu, ambayo Allah ameiapia, haikuuliza nasaba.

Usidhani haya ni ya Waarabu peke yao. Siyu, kisiwani Pate, wazee wetu waliandika misahafu kwa mkono na kuipamba kwa wino mweusi, mwekundu na rangi ya njano. Walipokea hati, wakaipa sura ya pwani. Baadhi ya kazi zao leo zimo katika makumbusho ya ng'ambo.

Kwa hiyo nakuusia. Ukikuta kitabu cha mkono katika kasha la babu, usikimbilie kukizika wala kukichoma kwa kuwa kimechakaa, na usimpe mchuuzi. Kiweke pakavu, mbali na mchwa, kisha mwonyeshe mjuzi. Nawe kijana unayechora mabango ya msikiti, kabla hujanakili mapambo ya wengine, jifunze ya kwenu.

Allah atujaalie tuwe wenye kuhifadhi amana. Aamin.