Ramani Yenye Tarehe: Kutoka Malindi ya 1498 hadi Feri ya Likoni

Katika riwaya za kubuni yupo mhusika anayependwa sana: mchora ramani mwenye uganga wa wakati. Akipiga mstari, safari ya mwezi inageuka ya siku moja. Akiufuta, msafiri atazunguka mpaka azeeke. Anasisimua, sikatai. Ila kwa mtu wa pwani si mgeni hata kidogo, kwa kuwa Bahari ya Hindi inaufanya uganga huo kila mwaka, na walioijua waliuweka kwenye maandishi.

Tuchukue mwaka 1498. Vasco da Gama alitia nanga nje ya Mombasa tarehe 7 Aprili, hakusikilizana na wenyeji, akaendelea hadi Malindi. Huko alipewa mwongozaji, akatweka tanga tarehe 24 Aprili, na tarehe 20 Mei alikuwa mbele ya Calicut, India. Mwezi haukutimia. Wakati wa kurudi akaondoka kwa haraka yake mwenyewe, upepo wa kaskazi haujashika. Bahari ileile ikamweka karibu miezi mitatu, mabaharia wakifa kwa kiseyeye mmoja baada ya mwingine. Umbali haukuongezeka hata shubiri. Kilichobadilika ni siku ya kuondoka.

Mwongozaji yule ni nani? Mitaani utaambiwa ni baharia Ahmad ibn Majid, mzaliwa wa Julfar. Mimi namfuata mwandishi wa Kireno João de Barros, anayemtaja kuwa Mgujarati, na anayesimulia kwamba alipoonyeshwa astrolabu kubwa ya mbao, chombo cha kupimia urefu wa jua, hakushtuka. Hata hivyo, elimu yenyewe tunaikuta vizuri zaidi kwa Ibn Majid. Kitabu chake, Kitab al-Fawa'id, cha karibu mwaka 1490, kinamtajia nahodha msimu wa kutoka bandarini kwa hesabu ya siku tangu Nairuzi, yaani siku ya mwaka mpya. Safari anaipima kwa zamu, yaani mwendo wa saa tatu wa chombo. Urefu wa nyota anaupima kwa vidole, na chombo cha kazi hiyo ni kibao kidogo chenye uzi wa mafundo. Wazee wetu wa pwani nao walikuwa na Mwaka wa siku 365 uliogawanywa kwa miongo ya siku kumi kumi, na humo ndimo walimotafuta majira ya kulima, kuvua na kusafiri.

Sasa tutoke Mombasa kwenda bara, tupite Changamwe na Mazeras hadi Rabai, walikokaa wamisionari Krapf na Rebmann kuanzia 1846. Rebmann na mwenzake Erhardt waliwauliza wafanyabiashara wa misafara: bara kuna nini, na ni mwendo wa siku ngapi? Wakajibiwa kwa siku. Tatizo lilianza pale siku zilipogeuzwa maili. Siku ya msafara wenye mizigo, mvua na kusubiri mto upungue hailingani na siku ya njia kavu. Isitoshe, kila msafara ulisema unaishia kwenye ziwa, basi Erhardt akayaona yote kuwa moja. Mwaka 1856 ikatoka ramani yenye ziwa moja kubwa mno, umbo lake kama konokono asiye na gamba. Wasomi wa London wakaicheka, lakini mwaka huohuo wasafiri Burton na Speke walitumwa kwenda kuhakikisha. Kwa maoni yangu, wenye misafara hawakukosea. Iliyokosea ni kalamu iliyoondoa wakati na kubakiza nchi tupu.

Mfano wa mbali unanisaidia hapa. Katika visiwa vya Caroline, bahari ya Pasifiki, manahodha wana hesabu waiitayo etak: mtumbwi unachukuliwa kuwa umetulia, na kisiwa cha kando ndicho kinachorudi nyuma, nyota baada ya nyota, na hivyo ndivyo safari inavyopimwa. Mau Piailug, aliyekulia katika elimu hiyo, aliuongoza mtumbwi wa Hōkūleʻa kutoka Hawaii hadi Tahiti mwaka 1976 bila chombo chochote cha kisasa. Mzungu angeiita uchawi, kumbe ni kumbukumbu iliyopangwa. Tofauti na Ibn Majid ni kwamba yeye aliandika, wao wakahifadhi kichwani.

Urithi huu wa kupima umbali kwa wakati bado uko Likoni, kwenye kivuko cha Mombasa, ingawa hauitwi ramani. Simu itakuonyesha kwamba kivuko ni kama nusu kilomita. Muulize anayeenda kazini kisiwani kama ni mbali, atakujibu, "Kwani unavuka saa ngapi?" Saa kumi na mbili asubuhi geti likifunguliwa, umati unateremka mteremko bega kwa bega, mikokoteni katikati, boda zikipiga honi, na ukichelewa hatua kumi utaitazama feri ikiondoka. Saa nne unapita ukitembea taratibu. Mkazi wa Mtongwe anabeba kichwani jedwali zima la saa, maji na foleni.

Enyi waandishi wa riwaya, mkitaka mchora ramani mwenye uganga wa wakati, msihangaike kumwazima ng'ambo. Nanyi walimu wa jiografia, mnapowachorea watoto wa Kisauni bahari ubaoni, waandikieni na miezi ya kusi na kaskazi pembeni yake.